Ua Linalorudisha Wakati: Namna ya Kujibu Swali la Jazanda

Swali la jazanda huwapotezea watahiniwa alama nyingi katika Karatasi ya Tatu, na si kwa sababu hawaioni jazanda yenyewe. Wanaiona, wanaitaja, kisha wanaiacha hapo hapo. Ili tuelewane, hebu tuviweke vitabu teule kando kidogo tutumie hadithi ambayo huenda hujaisoma: "The Garden of Time" ya J. G. Ballard, mwandishi Mwingereza, iliyochapishwa mwaka wa 1962. Haitatahiniwa, na ndiyo maana inatufaa. Huna majibu uliyokariri kuihusu.

Msuko wake ni mfupi. Mwinyi Axel na mkewe wanaishi wawili tu katika jumba la kifahari lenye maktaba, michoro na sanamu. Jioni mke hupiga kinanda. Mbali kwenye upeo wa macho unajitokeza umati mkubwa wa watu waliochakaa, wanaosonga kuelekea kwenye jumba hilo. Bustanini mna maua ya wakati. Mashina yake ni marefu na membamba kama kioo, na juu ya kila shina pana ua la fuwele lenye mwanga ndani. Axel akichuma moja, fuwele inayeyuka, wakati unarudi nyuma, na umati unatoweka tena nyuma ya upeo. Lakini unarudi, naye analazimika kuchuma jingine. Ua lililokomaa huusukuma umati mbali. Chipukizi humpa dakika chache tu. Na hakuna maua mapya yanayoota. Mwishowe linasalia moja, na mke ndiye anayelichuma.

Umati unapofika unakuta gofu. Katika bustani iliyokufa, ndani ya vichaka vya miiba, zimesimama sanamu mbili za mawe: mwanamume, na mwanamke aliyeshika waridi. Watu wanapita na kuendelea na safari yao.

Kabla hatujafika kwenye jazanda, ona mtego ambao ungewanasa wengi. Kwa kuwa wakati unarudi nyuma, mtahiniwa ataandika haraka kwamba mwandishi ametumia mbinu rejeshi, yaani kisengere nyuma. Sivyo. Mbinu rejeshi ni kazi ya msimulizi: anaukatiza mtiririko wa hadithi ili atueleze jambo lililotangulia. Hapa msimulizi hakatizi chochote. Anasimulia ua baada ya ua, kwa mpangilio ule ule wa matukio. Kinachorudi nyuma ni wakati wa ulimwengu wa wahusika, na hilo ni tukio la kifantasia. Jiulize: nani anarudi nyuma, msimulizi au ulimwengu anaousimulia? Jibu la swali hilo litakuokoa hata katika hadithi nyingine.

Sasa tuje kwenye ua. Jibu dhaifu husema: "Ua ni jazanda ya urembo." Sawa, lakini ua gani katika fasihi haliwezi kusemwa hivyo? Mwezi Mei 2024 waalikwa wa sherehe ya Met Gala jijini New York walipewa anwani ya hadithi hii kuwa mwongozo wa mavazi, na wengi wakaja wamejipamba kwa maua. Wangeisoma hadi mwisho, labda baadhi yao wangevaa miiba.

Jibu lenye nguvu huanza na kile ambacho kitu hicho hufanya hadithini. Ua hili halimwondolei Axel adui wala halimjengei ukuta. Linamnunulia muda, na bei yake ni bustani yenyewe, kwa sababu kila jioni anayoiokoa inapunguza maua yatakayoziokoa jioni zijazo. Ukishaliona hilo, maana inakuja bila kulazimishwa: ua linawakilisha starehe ya tabaka linaloahirisha mabadiliko kwa kutumia akiba lisiyoweza kuirudisha. Kisha unathibitisha: machipukizi yanayofaa kwa dakika chache tu, bustani isiyozaa tena, ua la mwisho mkononi mwa mke. Kinaya cha hadithi kimo humo humo, na taharuki pia, kwani msomaji anayahesabu maua pamoja na Axel.

Je, Axel ni wa kuhurumiwa? Hapa wanafunzi huniuliza "jibu sahihi" ni lipi, kana kwamba nimelificha kwenye mwongozo wa kusahihishia. Mtahini hukubali pande zote mbili mradi uthibitishe. Unaweza kusema yeye na mkewe wanahifadhi sanaa, muziki na mapenzi dhidi ya uharibifu. Lakini angalia pia mahali msimulizi anaposimama. Karibu hadithi nzima yumo bustanini na Axel, akiwatazama wale watu kwa mbali. Hatupewi jina la hata mmoja wao, wala hatuambiwi wametoka wapi au wamekosa nini. Mimi huona kwamba kimya hicho ndicho sehemu nzito zaidi ya hadithi, na mtahiniwa atakayekigusa atakuwa amesoma kwa makini.

Onyo moja kuhusu maisha ya mwandishi. Ballard alizaliwa Shanghai mwaka wa 1930, na utotoni alizuiliwa pamoja na wazazi wake katika kambi ya Wajapani wakati wa Vita vya Pili vya Dunia. Inavutia kuiona kambi hiyo nyuma ya jumba lililozingirwa. Lakini ukiandika aya nzima kuihusu, hujaichambua hadithi. Sentensi moja inatosha, na hata hiyo uiandike ikiwa tu swali linairuhusu.

Sasa rudi kwenye diwani yako ya hadithi fupi, chagua kitu kimoja kinachotajwa zaidi ya mara mbili, iwe ni nyumba, chakula, gari au mto, kisha ujibu kwa dakika kumi na tano:

Eleza jinsi mwandishi alivyotumia kitu ulichochagua kama jazanda ya kuendeleza maudhui. (alama 10)

Usiandike neno "jazanda" kabla hujaeleza kitu hicho kinafanya nini.