Pingamizi la Mfalme Charles

Mshitakiwa aliyeingizwa Ukumbi wa Westminster, London, alasiri ya Jumamosi tarehe 20 Januari 1649, hakuvua kofia. Majaji nao hawakuvua zao. Kiongozi wao, John Bradshaw, alikuwa na sababu ya ziada ya kuing'ang'ania yake: ilitandikwa chuma kwa ndani, kwa kuhofia risasi. Kofia hiyo ipo hadi leo katika makumbusho ya Ashmolean mjini Oxford.

Mshitakiwa mwenyewe alikuwa Charles Stuart, mfalme wa England, Scotland na Ireland tangu 1625. Mwendesha mashitaka, wakili John Cooke, aliposimama kusoma hati, mfalme alimgonga begani kwa fimbo yake akimtaka angoje. Kichwa cha fedha cha fimbo kikachomoka, kikaanguka sakafuni. Mfalme akasubiri mtu amwokotee. Hakuna aliyejigusa. Akainama, akakiokota mwenyewe, akakitia mfukoni.

Kesi hii husimuliwa zaidi kwa mwisho wake, yaani shoka. Kwa mwanasheria, utamu wake uko katika siku tatu za mwanzo, ambapo mshitakiwa alikataa kujibu mashitaka na mahakama nzima ikashindwa la kufanya.

Tuseme kwanza kwa nini kuwepo kwa kesi yenyewe ni ajabu. Mfalme anapoangushwa, kwa kawaida hafikishwi mahakamani. Edward II na Richard II, wafalme wa England wa karne za nyuma, walivuliwa taji, wakafungwa, na kifo kikawakuta kifungoni bila mtu kuulizwa lolote. Nicholas II wa Urusi alipigwa risasi usiku wa Julai 1918 pamoja na mkewe na watoto katika chumba cha chini cha nyumba mjini Yekaterinburg. Sultani Jamshid wa Zanzibar, kwa bahati yake, aliwahi meli Januari 1964. Maadui wa Charles nao wangeweza kumtilia sumu kwenye chakula, na wapo wafuasi wake waliokuwa wakilingoja jambo hilo. Badala yake walimweka mchana kweupe, mbele ya umati, makarani wakiandika kila neno.

Alifikaje hapo? Kwa ufupi: alitawala miaka 11, kuanzia 1629, bila kuita Bunge, akitoza watu fedha ambazo Bunge halijaziidhinisha. Januari 1642 aliingia bungeni na askari kukamata wabunge watano, akawakosa. Agosti mwaka huo akainua bendera ya vita Nottingham. Alishindwa, akashikwa, na akiwa mikononi mwa washindi wake akafunga mapatano ya siri na Waskoti ili waivamie England. Vita vya pili vikalipuka mwaka 1648. Makadirio ya wanahistoria yanataja karibu watu laki mbili waliokufa England peke yake katika vita vya wenyewe kwa wenyewe vya miaka ile, wengi wao kwa maradhi. Vita hivyo vya pili ndivyo vilivyolifanya jeshi la Bunge, na Oliver Cromwell ndani yake, kumwona mfalme kuwa mtu anayedaiwa damu.

Lakini Bunge lenyewe halikutaka kumshitaki. Wengi walitaka suluhu naye. Tarehe 6 Desemba 1648 Kanali Thomas Pride alisimama na askari mlangoni mwa Baraza la Makabwela, mojawapo ya mabaraza mawili ya Bunge, akiwa na orodha mkononi. Wabunge zaidi ya 40 walikamatwa, wengine wengi zaidi wakazuiwa kuingia. Waliobaki ndio walioanzisha mahakama. Baraza la pili, la Malodi, likaukataa muswada wa kuiunda kwa kauli moja. Majaji wakuu watatu waliotajwa kwenye muswada wakakataa kushiriki. Ndipo tarehe 4 Januari mabaki yale ya Makabwela yakatangaza kwamba, chini ya Mungu, asili ya mamlaka yote ya haki ni wananchi, na kwamba wanalolipitisha wao linakuwa sheria hata kama mfalme na malodi hawakubali. Siku mbili baadaye mahakama ikaundwa.

Tazama kilichofanyika hapo. Kanuni ambayo leo imo katika Katiba nyingi za dunia, kwamba mamlaka yote hutoka kwa wananchi, ilipitishwa na wabunge wachache waliobakishwa na mtutu wa bunduki, waliokuwa na hofu kubwa ya kuwauliza wananchi wenyewe.

Mahakama ilipewa makamishna 135 kuwa majaji wake. Siku ya kwanza walioitika majina hawakufika hata 70. Lilipoitwa jina la Jenerali Fairfax, mkuu wa jeshi lote, mwanamke aliyefunika uso alipaza sauti kutoka jukwaani kwamba jenerali ana akili za kutosha kutokuwepo mahali pale. Alikuwa mke wa Fairfax. William Steele, aliyepangwa kuongoza mashitaka, alisema anaumwa, na kazi ikamwangukia Cooke. Bradshaw naye alikuwa jaji asiye na jina kubwa. Wakubwa wa sheria walikaa mbali na kesi hiyo kama watu wanaokwepa moshi.

Cooke alikuwa na tatizo ambalo wanafunzi wa sheria wangelipenda kwenye mtihani. Sheria ya uhaini ya England, ya mwaka 1351, ilieleza uhaini kuwa ni kosa dhidi ya mfalme: kupanga kumuua, kufanya vita dhidi yake, kuwasaidia adui zake. Mfalme atajihini vipi mwenyewe? Jibu la Cooke ndilo linalomfanya astahili kukumbukwa. Aliandika kwamba Charles alikabidhiwa madaraka yenye mipaka, ayatumie kwa mujibu wa sheria za nchi na si vinginevyo, kwa manufaa ya watu. Alipokusanya jeshi dhidi ya Bunge na watu hao, aliihini amana hiyo. Nchi ni kitu kimoja na mfalme ni kitu kingine, na mfalme anaweza kuwa adui wa nchi. Hati ikataja mapigano moja baada ya jingine, Edgehill, Naseby na mengineyo, kisha ikamtwika Charles dhamana ya mauaji, uporaji na uharibifu wote, ingawa si yeye aliyeshika kila upanga. Mahakama za kimataifa za leo humshitaki mkubwa kwa hoja iliyo jirani sana na hiyo.

Charles alisikiliza, akacheka kwa sauti aliposomewa kwamba ni dhalimu na mhaini, kisha akafanya jambo ambalo wakili yeyote wa Dar es Salaam au Nairobi angelitambua mara moja: akaweka pingamizi la awali. Aliuliza ameitwa hapo kwa mamlaka gani. Halali, akaongeza, kwa kuwa hata wanyang'anyi wa barabarani wana mamlaka ya aina yao. Bradshaw akajibu kwamba ni kwa mamlaka ya watu wa England, waliomchagua kuwa mfalme. Lilikuwa kosa la kizembe. Charles akamkumbusha kwamba England haijawahi kuwa ufalme wa kuchaguliwa. Ni wa kurithi, karibu miaka elfu. Kisha akauliza malodi wako wapi, kwa kuwa Bunge bila malodi na bila mfalme si Bunge.

Jumatatu na Jumanne aliletwa tena, na akasema hilo hilo kwa ukali zaidi. Hoja yake ya pili ndiyo nzito: ikiwa nguvu bila sheria inaweza kutunga sheria, hakuna raia hata mmoja England atakayelala akiwa na hakika ya uhai wake wala mali yake. Hakusema anajitetea yeye. Alisema anawatetea raia.

Kwa sheria ilivyokuwa siku ile, alikuwa sahihi. Ningekuwa kwenye benchi, pingamizi lile ningelikubali. Lakini ni huyu huyu ambaye mwaka 1627 aliwatia ndani waungwana watano waliokataa kumkopesha fedha kwa lazima, na walipouliza mahakamani wamefungwa kwa kosa gani, jibu likawa ni kwa amri maalumu ya mfalme. Basi. Ndiye aliyewafundisha raia zake kwamba swali la mamlaka linaweza kujibiwa kwa amri, na sasa alikuwa anaonja jibu hilo.

Kukataa kujibu kulikuwa na gharama. Siku hizi mshitakiwa akinyamaza, mahakama huandika kwamba amekana, na kesi inaendelea. Ndivyo ilivyo Tanzania na Kenya, na ndivyo alivyofanyiwa Slobodan Milosevic, rais wa zamani wa Yugoslavia, kule The Hague mwaka 2001 alipoikana mahakama kwa maneno yanayofanana sana na ya Charles. England ilifikia utaratibu huo mwaka 1827. Zamani za Charles, aliyenyamaza kwenye shitaka la uhaini alihesabiwa amekiri. Kwa hiyo Cooke, siku ya tatu, aliomba hukumu moja kwa moja.

Makamishna wakasita, na hapo mimi nawapa heshima kidogo. Tarehe 24 na 25 Januari walikaa pembeni, katika Chumba cha Michoro, wakasikiliza mashahidi ambao kisheria hawakuwa na haja nao. Walikuwa watu wa kawaida: wakulima, mafundi, askari wa zamani, waliomwona mfalme na silaha katika uwanja huu au ule. Mkulima mmoja alieleza kwamba mjini Leicester mwaka 1645 aliwaona wafungwa wakivuliwa nguo na kukatwa, na afisa alipojaribu kulizuia jambo hilo, mfalme, juu ya farasi na ndani ya deraya inayong'aa, alisema hajali hata wakikatwa mara tatu zaidi, kwa kuwa ni adui zake. Ushahidi huo, endapo ni wa kweli, ndio wenye uzito kuliko falsafa yote iliyosemwa ukumbini. Na haukusemwa mbele ya mshitakiwa, wala hakuna aliyemhoji shahidi. Kwa kukataa kujibu, Charles alijinyima nafasi ya kuuvunja.

Jumamosi tarehe 27 hukumu ilisomwa. Kabla yake mfalme aliomba azungumze na mabaraza yote mawili ya Bunge. Kamishna mmoja, John Downes, akashindwa kujizuia, akaanza kubisha kwa sauti. Mahakama ikatoka nje kama nusu saa, ikarudi, ikakataa ombi. Bradshaw akahutubia kirefu kuhusu mkataba kati ya mfalme na watu wake, kwamba raia hutii ili walindwe, na ulinzi ukivunjika utii nao umevunjika. Kisha ikasomwa adhabu ya kifo. Charles akajaribu kusema. Akakatazwa: kwa sheria, aliyekwisha kuhukumiwa kifo ni maiti, na maiti hasemi. Akatolewa akiwa bado anasema. Makamishna 59 walitia sahihi na mihuri yao kwenye hati ya kifo.

Tarehe 30 Januari alivaa mashati mawili, baridi isije ikamtetemesha watu wakadhani ni woga. Alingojeshwa hadi mchana, kwani Bunge lilikuwa limegundua kwamba likimuua bila ya kutunga sheria ya kuzuia, mwanawe angetangazwa mfalme papo hapo. Sheria ikapitishwa harakaharaka asubuhi hiyo. Alikufa kwa pigo moja, mbele ya Jumba la Karamu la Whitehall, mkata kichwa akiwa amefunika uso. Ufalme ulifutwa rasmi mwezi Machi.

Wafaransa waliisoma kesi hii kwa makini wakati wa mapinduzi yao. Mfalme wao, Louis XVI, aliisoma pia, na akaamua kutomwiga Charles: alijibu maswali, akaweka mawakili watatu, wakamtetea vizuri. Haikumsaidia, wajumbe 387 kati ya 721 wa bunge lao walipiga kura ya kifo, naye akauawa tarehe 21 Januari 1793. Katika mjadala wa kesi ile Robespierre, mmoja wa wanamapinduzi, alisema jambo la kikatili ambalo kwa mantiki ni gumu kulipinga: mfalme asishitakiwe kabisa, kwa sababu anayeshitakiwa anaweza kuonekana hana hatia, na Louis akiwa hana hatia, basi mapinduzi ndiyo yenye hatia. Bradshaw na wenzake walikuwa katika mtego huo huo miaka 144 kabla. Mahakama yao isingeweza kumwachia Charles, na mahakama isiyoweza kumwachia mtu haijawa mahakama.

Charles II, mwana wa mfalme aliyeuawa, aliporudi kutawala mwaka 1660, naye alitumia mahakama. Cooke alihukumiwa Oktoba mwaka huo. Alijitetea kwamba alikuwa wakili aliyefanya kazi aliyopewa, bila chuki. Alinyongwa na kukatwa vipande. Mwaka uliofuata, tarehe 30 Januari, maiti za Cromwell, Bradshaw na kamishna mwenzao Ireton zilifukuliwa na kutundikwa Tyburn, mahali pa kunyongea watu London.

Hati ya mashitaka ya Cooke imewazidi wote umri. Jean Kambanda, waziri mkuu wa serikali iliyoendesha mauaji ya kimbari Rwanda mwaka 1994, alihukumiwa kifungo cha maisha na mahakama ya kimataifa mjini Arusha tarehe 4 Septemba 1998, na cheo chake hakikumkinga, kwa kuwa sheria iliyounda mahakama ile ilisema wazi kwamba cheo si kinga. Ibara ya 143 ya Katiba ya Kenya inamkinga Rais aliye madarakani, lakini kinga hiyo haigusi makosa yaliyomo katika mikataba ya kimataifa inayokataza kinga ya namna hiyo. Ibara ya 46 ya Katiba ya Tanzania imekwenda mbali zaidi: Rais hashitakiwi akiwa madarakani, na baada ya kuondoka hashitakiwi kwa alilolifanya kama Rais, isipokuwa kama aliondolewa na Bunge. Mwenye Katiba nyumbani aifungue ibara hiyo, asome kifungu kidogo cha tatu polepole, kisha amuulize mbunge wake kwa nini kiliwekwa.