Hofu ya Kuachwa na Umpendaye

Mwezi huu tunazungumzia hali inayovuruga amani ya nyumba nyingi, lakini ambayo ni nadra mtu kuipeleka zahanati. Ni ile hofu ya kila mara kwamba mtu unayempenda atakuchoka na kukuacha.

Tuchukue mfano. Mume ameahidi kurudi saa kumi na mbili jioni. Saa mbili usiku inafika, hajaonekana. Mke mmoja atasema, "Labda amekosa gari," atafunika chakula na kuendelea na shughuli zake. Mwingine moyo utamwenda mbio, chakula hakitapita, atapiga simu mara kumi, na mume akifika atapokewa kwa maneno makali. Wote wawili wanawapenda waume zao. Tofauti ni kwamba huyu wa pili, kila akikosa habari, huona kama ameshaachwa. Wanaume nao wamo: yuko mume asiyepata usingizi mpaka ameipekua simu ya mkewe.

Hofu hii inatoka wapi?

Daktari mmoja Mwingereza, John Bowlby (1907-1990), alieleza kwamba mtoto huzaliwa na haja ya kuwa karibu na mlezi wake, kama alivyo na haja ya chakula. Mwenzake, Mary Ainsworth, aliichunguza haja hiyo hapa hapa Afrika Mashariki. Mwaka 1954 na 1955 alizitembelea nyumba za Waganda katika vijiji vya karibu na Kampala, akawaangalia kina mama 26 na watoto wao. Aliona kwamba mtoto mwenye uhakika na mama yake hutambaa kwenda kuchezea vitu, kisha hurudi kwake, halafu huenda tena. Mtoto asiye na uhakika hulia sana na kumng'ang'ania mama, hata akiwa amebebwa. Matokeo aliyachapisha katika kitabu mwaka 1967.

Mtoto ambaye leo analia akasikilizwa, kesho analia asisikilizwe, hujifunza kwamba upendo upo lakini hauna uhakika. Basi hulia zaidi na kushika zaidi. Mwaka 1987 wataalamu wawili wa Marekani, Cindy Hazan na Phillip Shaver, walionyesha kwamba mitindo kama hiyo huonekana pia katika mapenzi ya watu wazima. Kati ya waliowahoji, karibu mtu mmoja katika kila watano alikuwa na hofu tunayoizungumzia.

Hata hivyo, tusikimbilie kuwalaumu kina mama. Utoto si chanzo pekee. Kufiwa, kutelekezwa au kusalitiwa na mchumba kunaweza kuipanda hofu hii hata kwa mtu mzima. Na mtu aliyelelewa kwa shida anaweza kuwa na ndoa tulivu.

Jinsi inavyoharibu nyumba

Mwenye hofu huuliza mara kwa mara, "Bado unanipenda?" Akijibiwa hutulia kidogo, kisha huuliza tena. Mwenzake huchoka, hujinyamazia au huchelewa makusudi kurudi nyumbani. Ukimya huo humthibitishia mwenye hofu kile alichokiogopa, naye huzidi kufuatilia. Hivyo mmoja anakimbiza na mwingine anakimbia, na wote wawili wanaumia.

Nini kifanyike?

1. Itambue hofu. Moyo unapokwenda mbio, jiulize: "Nina ushahidi gani? Au ni hofu yangu ile ile?"

2. Usitende papo hapo. Vuta pumzi taratibu, tembea kidogo, kunywa maji. Maneno yaliyosemwa wakati wa hofu ni vigumu kuyarudisha.

3. Sema haja yako waziwazi. Badala ya kusema, "Wewe hunijali," sema, "Baba Neema, ukichelewa bila kunijulisha ninapata hofu. Naomba uniambie mapema." Lawama humfanya mtu ajitetee, ombi humpa nafasi ya kusaidia.

4. Usimtwike mtu mmoja mzigo wa furaha yako yote. Uwe na kazi ya mikono, ndugu na marafiki wa kweli.

5. Wewe mwenzi wake, timiza ahadi ndogo ndogo. Ukisema saa moja, iwe saa moja. Ukikwama, toa habari. Usimdhihaki wala usimtishe kwa maneno kama "nitakuacha". Haba na haba hujaza kibaba, na uaminifu hujengwa hivyo hivyo.

Angalizo muhimu

Si kila wasiwasi ni hofu ya aina hii. Kama mwenzako anakupiga, anakutishia, au kuna dalili za wazi kwamba anatoka nje ya ndoa, wasiwasi wako unakuonya juu ya hatari ya kweli. Usijilaumu wala usiambiwe ni "hofu zako tu". Mweleze mtu unayemwamini na utafute msaada. Pale penye mashaka ya uambukizo, ni vyema kupima afya.

Tena, kama usingizi umepotea kwa wiki kadhaa, huwezi kula wala kufanya kazi, au unafikiria kujidhuru, nenda kituo cha afya bila kuchelewa, ukamweleze mganga au mshauri nasaha. Si aibu.

Wazazi nao wasiogope kwamba kumbeba mtoto anayelia ni kumdekeza. Mtoto anayesikilizwa hujifunza kwamba anayempenda akiondoka, atarudi. Na aliyekosa somo hilo utotoni bado anaweza kujifunza ukubwani, akipata mwenzi anayetimiza neno lake, na yeye mwenyewe akijizoeza kuuliza kabla ya kushtaki.