Ukiiondoa kesi, zuio nalo linaondoka

Anayesaka dhahabu Geita huchukua mkopo wa kununulia karasha. Mfanyakazi wa mgodi wa almasi wa Mwadui huchukua wa kumalizia nyumba Maganzo. Hati inabaki benki. Marejesho yakikwama inafuata notisi ya siku 60, kisha tangazo la mnada, na hapo ndipo mkopaji anapokimbilia Baraza la Ardhi na Nyumba au Mahakama Kuu kuomba zuio.

Kufungua kesi ya namna hiyo watu wanakujua. Kuiondoa ndiko kunakowaponza, maana wengi hudhani ni kuisimamisha tu kwa muda.

Sababu za kuondoa zipo, tena nzuri. Pengine mnunuzi wa mnadani hakuunganishwa kwenye kesi, au nyumba ina thamani inayozidi shilingi milioni 300, ukomo wa Baraza katika madai ya kurejeshewa mali isiyohamishika. Sheria ya Mwenendo wa Madai, Sura ya 33, katika Amri ya XXIII, inamruhusu mdai kuondoa kesi yake wakati wowote. Lakini soma amri itakayoandikwa. Ukiondoa bila kuomba ruhusa ya kufungua upya, huwezi kumshitaki mtu yuleyule kwa madai yaleyale, na gharama za upande wa pili zinaweza kuwa zako. Ruhusa hutolewa ukionyesha kasoro ya kisheria itakayoiangusha kesi, au sababu nyingine ya kutosha. Kusema tu umechoka hakutoshi.

Jambo ambalo mawakili wengine hawamwelezi mteja ni hili: hata ukipewa ruhusa, muda wa ukomo unahesabiwa kana kwamba kesi ya kwanza haikuwahi kufunguliwa. Madai ya mkataba yana miaka 6. Uliyefungua mwaka wa tano na kuvutana miaka miwili utatoka na ruhusa usiyoweza kuitumia.

Halafu kuna zuio lenyewe. Linaishi kwa kutegemea kesi. Kesi ikiondoka, nalo limekwisha. Kulipata tena ni kuanza upya na masharti matatu ya shauri la Atilio dhidi ya Mbowe la mwaka 1969: kwamba kuna hoja nzito ya kuamuliwa, kwamba utapata hasara isiyofidika, na kwamba utaumia zaidi kuliko benki. Wakati unaandaa maombi hayo, hakuna kinachoizuia benki kurudi kwa dalali. Sheria ya Ardhi inamlinda mnunuzi aliyenunua kwa nia njema, hivyo nyumba ikishauzwa kwake, kinachobaki kwa kawaida ni kuidai benki fidia. Hapo walau kuna silaha: bei ikiwa pungufu ya wastani wa soko kwa asilimia 25 au zaidi, benki inachukuliwa kuwa imekiuka wajibu wake wa kutafuta bei nzuri, mpaka ithibitishe vinginevyo.

Na kama unaondoa kwa sababu meneja amekubali kupanga upya marejesho, usiondoe kwa ahadi ya mdomo. Yaandikeni makubaliano, myasaini, myawasilishe mahakamani yasajiliwe kuwa hukumu. Benki ikigeuka, utakwenda kukazia hukumu badala ya kufungua kesi nyingine.