Kalamu na Sauti Nyuma ya Katuni

Wengi wetu twapenda katuni, lakini ni wachache wajiulizao nani huziandika na nani huzisemea.

Tumtazame Nizam Razak wa Malaysia. Alishiriki kutengeneza Upin & Ipin, katuni iliyoanza kuonyeshwa Ramadhani ya mwaka 2007 kwa vipindi vifupi vya kuwafundisha watoto saumu. Mwaka 2009 yeye na wenzake walianzisha kampuni yao, Animonsta, na mwaka 2011 wakatoa BoBoiBoy. Humo Nizam ni mwandishi na mwongozaji, na pia ndiye sauti ya Papa Zola, mwalimu mwenye maneno mengi.

Kwa kawaida hadithi huandikwa kwanza, kisha sauti hurekodiwa, ndipo wachoraji hulinganisha midomo na maneno. Neno hutangulia picha.

Mtoto huyashika maneno ya katuni upesi kama anavyoshika sura fupi. Basi mwandishi wake ni mwalimu, apende asipende, naye ataulizwa alichofundisha. Tunapolalamika kuwa katuni zinaharibu watoto, tukumbuke wenzetu walianza na saumu. Atakayeandika zetu huenda yumo darasani sasa, anahangaika na insha.

Allah atujaalie elimu yenye manufaa. Amin.