Fahamu: Grandimasta wa sataranji kutoka ng'ambo ya Tunduma

Mtoto wa Galula anayependa sataranji hana haja ya kutafuta mfano Ulaya. Upo kwa majirani, ng'ambo ya mpaka wa Tunduma. Amon Simutowe, Mzambia aliyezaliwa Ndola mwaka 1982, alishika nafasi ya pili katika ubingwa wa dunia wa vijana mwaka 2000. Mwaka 2009 akawa grandimasta, cheo cha juu kabisa cha wachezaji wa sataranji, wa kwanza kutoka Afrika kusini mwa Sahara.

Cheo hicho hakipatikani kwa ushindi wa siku moja. Mchezaji sharti ang'are katika mashindano kadhaa, mbele ya wapinzani wazito, na alama zake za kiwango zifike 2,500. Akishakipata, ni chake maisha yote.

Uganda nayo inaye Phiona Mutesi wa Katwe, aliyepata cheo cha chini ya hicho Istanbul mwaka 2012.