Kanda za Zamani, Bei Mpya

Aliyenunua santuri ya Harvest ya Neil Young mwaka 1972 ameshauziwa albamu hiyohiyo kwa kaseti, kwa CD, kwa DVD ya sauti mwaka 2002, na sasa kwa faili la dijitali la ubora wa juu. Kampuni za kurekodi zimefaidi sana mauzo haya ya kurudia. Muziki wa foki-roki unazifaa hasa, kwa sababu gitaa kavu na mwimbaji aliye karibu na maikrofoni haviachi pa kuficha kasoro.

CD hupima sauti mara 44,100 kwa sekunde, kwa biti 16. Faili za ubora wa juu hufika mara 192,000, kwa biti 24. Albamu ya dakika 40, kabla ya kubanwa, hula karibu gigabaiti 2.8. Namba hizo ndizo zilizouzwa. Duka la HDtracks lilifunguliwa Marekani mwaka 2008. Mwaka 2014 Young alichangisha zaidi ya dola milioni 6 kwa ajili ya Pono, kifaa cha kuchezea muziki kilichouzwa dola 399. Kufikia 2017 mradi ulikuwa umekufa. Kisha mwaka 2021 Apple na Amazon ziliwapa wateja wao ubora huo bila kuongeza hata senti, na bidhaa ya anasa ikamezwa na ada ya kawaida ya mwezi.

Kilichobaki cha kuuza, kwa maoni yangu, ni kanda yenyewe. CD tayari inabeba masafa yote ambayo sikio la binadamu husikia. Tofauti kubwa hutoka kwenye kanda mama, yaani ile ya asili ya rekodi, na mikono ya fundi. Gundi ya kanda nyingi za miaka ya 1970 hunyonya unyevu, hivyo kanda huokwa kwa saa kadhaa kwenye joto la nyuzi 50 na kitu ndipo zichezeke bila kubanduka. Ikitumika nakala ya nakala, hata vipimo 192,000 havirudishi kilichopotea. Ndiyo maana ni jambo la thamani kwamba John Wood, aliyerekodi albamu za mwimbaji Nick Drake jijini London, alishiriki pia kuzitayarisha upya. Na pengine ndiyo maana Sony ilinunua haki za rekodi za Bob Dylan mwaka 2021.

Mnunuzi ana haki ya kuambiwa asili ya anachonunua. Mwaka 2022 ilibainika kwamba kampuni ya Mobile Fidelity ilipitisha kwenye dijitali santuri ambazo wateja waliamini zimetoka moja kwa moja kwenye kanda, wakaishtaki. Kila faili linalouzwa kwa bei ya juu lingepaswa kutaja kanda iliyotumika, mwaka iliponakiliwa na jina la fundi. Young ameonyesha kwamba uwazi unawezekana: kwenye hifadhi yake ya mtandaoni, ambayo wasikilizaji huilipia ada, wimbo una kadi inayoeleza uliporekodiwa na walioupiga.