Usipoziba Ufa wa Tovuti

Wahenga hawakuijua kompyuta, lakini walituachia usia unaoifaa: usipoziba ufa utajenga ukuta. Niliukumbuka usia huo juzi mtaani Umoja, katika shule moja ninayoisaidia. Mzazi aliyefungua tovuti ya shule kutafuta karo ya muhula alikumbana na matangazo ya kamari. Mwalimu mkuu alimshuku mwanafunzi mtundu. La hasha! Mlango ulikuwa umeachwa wazi na sisi watu wazima.

Tovuti nyingi za namna hiyo hujengwa kwa WordPress, kisha huongezewa programu ndogondogo, yaani plagini: hii ya picha, ile ya kalenda, nyingine ya kupokea faili. Kila moja ina mtunzi wake, na hakuna mtunzi asiyekosea. Mnamo Septemba 2020 ilibainika kwamba plagini iitwayo File Manager, iliyokuwa katika tovuti zaidi ya 700,000 duniani, ilimruhusu mtu yeyote kupakia faili zake bila nenosiri. Kiraka kilitolewa upesi, nacho ni toleo la 6.9. Tangu siku hiyo aliyebaki hatarini ni yule aliyekawia kukishona, kwa maana tangazo la kiraka humwonyesha mwizi mahali penye ufa.

Najua visingizio vyetu, walimu wenzangu. Bando ni ghali. Kijana aliyetutengenezea tovuti alihamia Kayole. Tunachelea toleo jipya lisije likaharibu kinachofanya kazi. Hofu hiyo ya mwisho ina msingi, na dawa yake ni kuhifadhi nakala ya tovuti kabla ya kugusa chochote.

Napendekeza hivi. Kila Ijumaa mwalimu mmoja, akiwa na wanafunzi wawili wa klabu ya kompyuta, akague plagini zote. Yenye toleo jipya isasishwe, isiyotumika ifutwe, iliyotelekezwa na mtunzi wake itafutiwe mbadala. Nenosiri libaki kwa mwalimu, maarifa yaende kwa wanafunzi.

Jambo hili si dogo. Sheria ya Ulinzi wa Data ya mwaka 2019 humtaka anayetunza habari za watu, zikiibwa na kuwahatarisha, amwarifu Kamishna katika muda wa saa 72. Katika mitaa yetu ya Eastlands hakuna anayelala kabla ya kukagua komeo. Kwa nini basi alama za watoto wetu zilale nje?